"Si pako wala si pangu": haki za jirani pale ardhi ya serikali inapovamiwa

Nyuma ya nyumba mbili zilizopakana kuna ukanda wa ardhi usiokuwemo katika hati ya mtu yeyote. Katikati yake unapita mtaro wa maji ya mvua, na kando ya mtaro kuna njia ya miguu iliyokanyagwa miaka na miaka. Siku moja jirani mmoja anasimika nguzo na kuvuta waya. Mwezi unaofuata matofali yanaanza kupanda. Mtaro umebaki ndani ya uzio, nusu yake umefukiwa. Mvua ya kwanza kubwa inaponyesha, maji yanakosa pa kupita, yanarudi nyuma na kuingia jikoni kwa jirani wa pili hadi kwenye vifundo vya miguu. Anapokwenda kulalamika anajibiwa kwa upole kabisa: "Jirani, hapa si pako wala si pangu, ni pa serikali. Wenyewe wakija nitaondoka."

Jibu hilo limewanyamazisha watu wengi, kwa sababu nusu yake ni kweli. Ardhi si ya mlalamikaji, na mtu hawezi kudai kiwanja kisicho chake. Lakini nusu ya pili, ile inayodokeza kwamba asiye mwenye ardhi hana la kusema, si kweli, na sheria za nchi nyingi zimeikataa kwa muda mrefu. Shida ni kwamba majirani wengi wanafika mahakamani wakiwa wamelikubali jibu hilo bila kujua. Wanatumia kesi nzima kuthibitisha kwamba ukanda ule ni wa serikali. Mvamizi anakubali mara moja kwamba ni wa serikali, na hakimu anabaki akiuliza: sasa wewe unadai nini?

Mgogoro wa namna hii una maswali matatu yaliyofungwa kamba moja, na yanafaa kufunguliwa. Nani mwenye ardhi? Nani anaikalia? Nani anaumia? La kwanza ni la serikali kulijibu. La pili linawahusu wanaoishi juu ya ardhi hiyo. La tatu ndilo la jirani, na ndilo lenye nguvu kuliko anavyodhani.

Kero inayogusa umma wote, kama kuziba barabara au mtaro wa mtaa, kwa desturi ya sheria hushughulikiwa na mamlaka kwa niaba ya wote. Sababu yake inaeleweka: kila mpita njia angekuwa na haki ya kushtaki, aliyeziba njia angeburutwa mahakamani mara elfu kwa kosa moja. Ila tangu zamani mlango mdogo uliachwa wazi kwa mtu aliyeumia kuliko wengine. Katika kesi ya Uingereza ya mwaka 1535, jaji Fitzherbert alitoa mfano ambao wanasheria wanautumia hadi leo: mtu akichimba shimo kukata barabara, nami nikapita usiku na farasi wangu tukatumbukia, nina haki ya kumdai, kwa sababu madhara niliyopata yamezidi usumbufu wa kila mtu.

Ukitoa farasi ukaweka maji jikoni, hoja ni ileile. Mtaa mzima umepoteza njia ya mkato, na huo ni usumbufu wa wote. Nyumba iliyoingiwa na maji ni moja. Lango la gari lililozibwa na kibanda kilichojengwa kwenye hifadhi ya barabara ni la mtu mmoja. Choo kilichochimbwa kwenye eneo la wazi hatua tano kutoka kwenye kisima kinamwumiza mwenye kisima kabla ya kumwumiza mwingine yeyote. Jirani huyu hadai kipande cha serikali. Anadai jiko lake, lango lake, kisima chake. Akiliweka shauri hivyo, lile jibu la "si pako" linakuwa halina kazi, kwa sababu yeye hajasema ni pake.

Nchi nyingine zimeupanua mlango huo. India, kifungu cha 91 cha sheria ya mwenendo wa madai kinaruhusu watu wawili au zaidi, kwa idhini ya mahakama, kushtaki juu ya kero ya umma hata kama hakuna kati yao aliyepata hasara ya pekee. Kenya imekwenda mbali zaidi katika Katiba ya 2010: ibara ya 70 inamruhusu mtu kwenda mahakamani kutetea haki ya mazingira safi na salama bila kulazimika kuonyesha kwamba kuna yeyote aliyepata hasara au kuumia. Mtaro uliozibwa au chanzo cha maji kilichojengewa vinaweza kabisa kuingia humo.

Kinachoombwa mahakamani nacho kina uzito wake. Mara nyingi kuna mambo matatu: zuio la muda ili ujenzi usiendelee wakati shauri linasikilizwa, amri ya kuondoa kile kinachosababisha madhara, na fidia ya hasara iliyokwisha tokea. La kwanza ndilo la haraka kuliko yote na ndilo watu wanalichelewesha. Ukuta wenye mistari mitatu ya matofali ni rahisi kuusimamisha. Nyumba iliyokwisha ezekwa na watoto wamelala ndani ni habari nyingine, na hakimu yeyote mwenye moyo atasita. Anayesubiri miezi minane akitumaini jirani ataona haya mwenyewe atakuja kuulizwa kwa nini alikaa kimya.

Ushahidi nao haukusanywi siku ya kesi. Picha iliyopigwa mvua ikiwa inanyesha, maji yakiwa yanageuka kwenye kona ya uzio na futi ya kupimia imesimamishwa ukutani, inazidi kurasa kumi za maelezo. Ramani ya upimaji inayoonyesha mtaro au njia ilipochorwa ni muhimu. Nakala ya barua ya malalamiko iliyogongwa muhuri wa kupokelewa ni muhimu pia, kwa sababu inaonyesha tarehe na inaonyesha mamlaka ilijua. Na hapa sina budi kusema jambo ambalo mawakili wazuri huwaambia wateja wao mapema: mpima ardhi akija hapimi upande mmoja. Nimewaona watu waliompigania mpima aje, na kamba ilipovutwa ikaonekana ukuta wao wenyewe umeingia kwenye hifadhi hatua moja na nusu. Kabla ya kumshtaki jirani kwa kuvamia, pima kwako kwanza.

Swali la pili linaleta ubishi mkali zaidi. Vipi kama majirani wote wawili ni wavamizi? Hali hii ni ya kawaida kuliko vitabu vya sheria vinavyokiri. Watu wawili wamejenga kwenye ardhi ya serikali, hakuna mwenye hati, na mmoja anasogeza uzio wake usiku na kumega kipande cha mwenzake. Je, mahakama imsikilize mlalamikaji ambaye naye hana haki ya kuwa pale?

Wapo wanaosema hapana, na hoja yao si nyepesi. Ukimlinda mvamizi dhidi ya mvamizi, wanasema, umeupa uvamizi heshima ya mahakama. Kesho atakwenda na hukumu hiyo kwa mnunuzi na kusema, "Tazama, hata mahakama imenitambua." Hilo hutokea kweli, na kuna watu waliotoa akiba yao yote kununua karatasi ya namna hiyo.

Upande wa pili unasimama juu ya kanuni kongwe kwamba anayeikalia ardhi ana haki nzuri dhidi ya kila mtu isipokuwa mwenye haki bora kuliko yake. Katika kesi ya Asher dhidi ya Whitlock ya 1865 huko Uingereza, mtu alikuwa amezungushia uzio ardhi ambayo haikuwa yake, akajenga nyumba ndogo, akafa akimwachia mjane wake na binti yake. Mjane akaolewa na Whitlock. Baada ya mama na binti kufariki, Whitlock alibaki pale akisema warithi wa binti hawana hati. Mahakama ilimjibu kwamba yeye pia hana, na kwamba ukaaji wa yule wa kwanza ulikuwa kitu kinachoweza kurithiwa. Mahakama ya Juu ya India ilifuata njia hiyo mwaka 1968 katika shauri la Nair Service Society na Alexander, ambapo mdai alikuwa akikalia ardhi ya serikali bila kibali. Kutokuwa na hati, ilisema kwa maana, hakumfungulii mlango kila mpita njia aje kumtoa. Sheria ya India ya mwaka 1963 inampa aliyetolewa kwa nguvu bila kufuata sheria miezi 6 kufungua shauri la kurudishwa, bila kuulizwa habari za umiliki. Ila imeweka mpaka ulio wazi: shauri hilo halifunguliwi dhidi ya serikali.

Mimi niko upande huu wa pili, na sababu yangu si huruma kwa wavamizi. Ukisema mahakama haiwasikilizi, hujaumaliza ugomvi wao. Umeuhamishia usiku, kwenye mapanga na vijana wa kukodiwa, na atakayeshinda ni mwenye ndugu wengi. Hofu ya hukumu kugeuzwa hati inatibika. Mahakama iandike waziwazi, kwenye ukurasa wa amri yenyewe na si ndani kabisa ya maelezo, kwamba haijatamka lolote juu ya umiliki na kwamba haki ya serikali iko palepale. Sentensi moja iliyoandikwa mahali panaposomeka ingewaokoa wanunuzi wengi.

Na serikali yenyewe? Jirani anaweza kuishtaki kwa kukaa kimya? Anaweza, lakini asitarajie mno. Amri ya kuilazimisha mamlaka kutimiza wajibu wake ipo katika mifumo mingi ya sheria, na kesi za India zinaonyesha inavyoweza kufanya kazi. Mwaka 1980, wakazi wa Ratlam waliosumbuliwa na mitaro michafu walishinda hadi Mahakama ya Juu, na manispaa iliyojitetea kwamba haina fedha ikaambiwa ukata si kinga ya kukwepa wajibu. Mwaka 2011, katika kesi ya Jagpal Singh, mahakama hiyohiyo iliamuru waondolewe watu waliojaza udongo na kujenga kwenye bwawa la kijiji huko Punjab. Walikuwa wamekaribia kuhalalishwa kwa kulipia, na mahakama ikakataa: bwawa ni la kijiji, na fedha hazilifanyi kuwa kiwanja. Kisha ikaziagiza serikali za majimbo yote ziweke mipango ya kuwaondoa wavamizi kwenye ardhi za vijiji.

Mara nyingi, hata hivyo, mahakama huiambia mamlaka "amueni", na mara chache sana huiambia "bomoeni". Mamlaka ina haki ya kupanga ianzie wapi, ina bajeti yake, na inaweza hata kuamua kurasimisha eneo. Jirani anayeingia na ombi la kubomolewa peke yake anaweza kutoka na barua inayosema suala linafanyiwa kazi. Ndiyo maana nasisitiza mashauri mawili yasichanganywe: dai juu ya madhara yako linamkabili jirani, na ombi la wajibu linaikabili mamlaka. La kwanza halisubiri la pili.

Nimefika kwenye sehemu inayonipa taabu. Mpaka hapa nimemzungumzia jirani kama mtu anayeonewa. Mara nyingine jirani ndiye mwenye nyumba imara na ukuta mrefu, na anayemlalamikia ni mama aliyejenga kibanda cha mabati kwa sababu hana pengine pa kulala.

Afrika Kusini ilikutana na sura hiyo mwaka 2004. Huko Port Elizabeth watu 1,600 wa mtaani walitia saini ombi wakiitaka manispaa iwaondoe watu 68, wakiwemo watoto 23, waliokuwa wakiishi katika vibanda 29. Ardhi ile ilikuwa ya watu binafsi, wala haikuwa ya serikali, lakini shinikizo lilitoka kwa majirani na aliyekwenda mahakamani alikuwa manispaa. Katiba ya nchi hiyo inakataza mtu kuondolewa nyumbani kwake bila amri ya mahakama iliyopima mazingira yote, na sheria ya 1998 imeeleza jinsi ya kufanya hivyo. Mahakama ya Katiba, kwa hukumu iliyoandikwa na jaji Albie Sachs, ilikataa kuwaondoa. Waliishi pale kwa miaka, hapakuwa na anayeihitaji ardhi ile kwa haraka, na manispaa haikuwa imekaa nao kwa dhati kutafuta suluhu. Idadi ya saini haikugeuka kuwa haki.

Miaka mitatu kabla ya hapo, mwaka 2001, mahakama hiyohiyo ilikuwa imewajibu majirani wa namna nyingine. Wakazi wa Kyalami walipinga mpango wa serikali wa kuwaweka kwa muda waathirika wa mafuriko ya Alexandra kwenye shamba la gereza la Leeuwkop, ardhi ya serikali iliyokuwa karibu nao. Walisema hawakushirikishwa na kwamba thamani ya eneo lao itaathirika. Walishinda mahakama ya chini, wakashindwa juu. Serikali ilikuwa ikitimiza wajibu wake kwa watu waliokumbwa na maafa, tena kwenye ardhi yake yenyewe.

Ukizisoma hukumu hizi mbili, ni rahisi kudhani zinampinga jirani. Naziona tofauti. Katika zote mbili, walichokuwa wakikidai majirani ni watu waondolewe au wasiletwe kabisa. Hapakuwa na mtaro uliozibwa wala lango lililofungwa ambalo mahakama ingeweza kulifungua na kuwaacha watu mahali pao. Anayekuja na madhara yaliyo wazi, yanayopimika kwa futi, anaomba kitu kidogo zaidi, na mahakama humpa kwa urahisi zaidi. Kufungua hatua mbili za njia hakumlazimu mtoto yeyote kulala nje.

Hata sheria zenye ukarimu mkubwa kwa wakaaji zimeuona mpaka huu. Katiba ya Brazil ya 1988 inakataza ardhi ya umma kugeuka mali ya mtu kwa sababu tu ameikalia muda mrefu. Lakini kanuni ya 2001 iliwapa waliokaa kwenye kiwanja cha umma mjini kwa miaka 5 mfululizo bila kupingwa, kisichozidi mita za mraba 250, kwa makazi yao na bila kuwa na nyumba nyingine, haki ya kuendelea kukitumia. Na pale ambapo kiwanja hicho ni sehemu ya matumizi ya wote, kama barabara au eneo la hifadhi, serikali inaweza kuwapa haki hiyohiyo mahali pengine. Hapo ndipo maslahi ya jirani na ya mkaaji yanapoacha kugongana: mtu hapotezi makazi, na njia inabaki njia.

Ukarimu huo, hata hivyo, usiwafunike wasiostahili. Kuna mvamizi wa kibanda, na kuna mvamizi mwenye hati inayong'aa. Mwaka 2017 serikali ya kaunti ya Mombasa ilibomoa ukuta wa kiwanja cha kampuni iitwayo Dina Management huko Nyali ili kufungua njia ya kwenda ufukweni. Kampuni ilikuwa na hati na ilisema ilinunua kwa nia njema. Kiwanja hicho kiligawiwa mara ya kwanza mwaka 1989 kwa Daniel arap Moi, aliyekuwa rais wakati huo. Aprili 2023 Mahakama ya Juu ya Kenya iliamua kwamba lilikuwa eneo la wazi la umma ambalo halikupaswa kugawiwa, kwamba hati iliyotokana na ugawaji usiofuata sheria hailindwi na Katiba, na kwamba nia njema ya mnunuzi haiponyi kasoro ya mwanzo. Kwa majirani hukumu hii ina maana kubwa. Zamani, mvamizi alipotoa hati, mazungumzo yalikwisha. Sasa hati inaweza kufuatwa hadi siku ilipozaliwa.

Muda nao haumsaidii mvamizi kama wengi wanavyoaminishana mitaani. Ile imani ya "nimekaa miaka kumi na mbili, imeshakuwa yangu" inahusu, pale inapokubalika, ardhi ya watu binafsi. Sheria ya ukomo ya Kenya imeitoa ardhi ya serikali nje ya kanuni hiyo. Ufaransa inaihesabu mali iliyo katika matumizi ya umma kuwa haipotei kwa muda wowote. Uingereza serikali hupewa miaka 30 kudai ardhi yake. Lakini wewe jirani, muda unaweza kukuponyoka: dai lako la fidia kwa maji yaliyoharibu nyumba lina ukomo wake, na mara nyingi ni wa miaka michache tu.

Limebaki la usuluhishi, ambalo nalipenda lakini kwa tahadhari. Wazee wa mtaa au baraza wanaweza kumaliza kwa mchana mmoja kile ambacho mahakama ingekichukua miaka. Tahadhari yangu ni moja. Mara nyingi suluhu wanayopewa majirani ni kugawana: "Basi wewe chukua nusu hii, na wewe nusu ile, muishi kwa amani." Wote wanaridhika, wanapeana mikono, na watu wa tatu waliokuwa wakipita pale kila asubuhi wanakuta kuta mbili badala ya moja. Makubaliano hayo hayaifungi serikali hata kidogo, kwa kuwa hakuna anayeweza kugawa kisicho chake.

Makubaliano yanayosimama hayagusi umiliki. Kwa wale majirani wetu wa mtaro, yangeandikwa hivi: uzio unarudi nyuma hadi ukingo wa ndani wa njia ya miguu, mtaro unazibuliwa kwa gharama ya aliyeufukia kabla ya msimu wa mvua, wote wawili wanakiri kwamba ukanda si wa yeyote kati yao, na nakala inapelekwa ofisi ya ardhi ikagongwe muhuri wa kupokelewa.